Nilivyomtetea Mpishi Ambaye Sikumsoma

Kuna aibu ambazo mtu huzizika zikaota nyasi juu, na kuna hii yangu, ambayo kila nikikutana na mtu aliyesoma Kakamega miaka ile ya tisini naifukua mwenyewe kabla hajaifukua yeye, maana afadhali nijicheke nikiwa wa kwanza. Kwa hiyo chekeni tu, mimi nimeshazoea, ila msinikatize, kwa sababu nikikatizwa nitaruka ile sehemu mbaya, na kuruka sehemu ndiko kulikonifikisha hapo.

Wakati huo nilikuwa na miaka ishirini na saba, mwalimu wa Kiingereza na fasihi katika shule moja ya mchanganyiko nje kidogo ya mji, na shati langu la kitenge na ndevu zangu chache ambazo nilizifuga kwa bidii kuliko zilivyostahili. Chuoni nilikuwa nimefundishwa neno "ubaguzi" nikarudi nalo kama mtoto aliyepewa panga jipya, kila mti njiani lazima niupige. Chai ya wafanyakazi ikija baridi nilisema ni ukoloni mamboleo. Ratiba ikibadilishwa, ukoloni. Wenzangu ofisini waliniita Mkombozi (na mimi, mjinga, nilidhani ni sifa).

Sasa mwaka huo mkuu wa idara ya lugha, Mzee Andati, alikuwa anastaafu, na mwalimu mkuu alinisimamisha siku moja mlangoni pa ofisi akaniambia, "Shivachi, kongamano la vitabu teule ndilo litakalonionyesha nani anaweza kushika idara hii." Hakusema zaidi ya hapo. Lakini mimi Jumamosi hiyohiyo nilipanda baiskeli mpaka kwetu Shinyalu nikamwambia mama kwamba idara ni yangu, mama akachinja ingokho, kuku wa mgeni, tukala na obusuma, ugali wetu, na Jumapili akawatangazia akina mama wa kanisa kwamba mwanawe sasa ni mkubwa wa Kiingereza. Cheo nilikuwa nimeshakila kabla hakijawekwa jikoni, na sikujua kabisa nikikikosa nitarudi kwa mama na uso gani.

Kitabu chenyewe cha kujadiliwa kongamanoni, teule kwa mtihani wa taifa, kilikuwa riwaya nene ya Mwingereza wa zamani, zile riwaya ambazo mvua inanyesha kurasa sita kabla mtu hajafungua mlango. Kuna jumba kubwa, kuna familia yenye mali, kuna mkufu wa dhahabu unaoibwa, na kuna mpishi, mwanamke mweusi aliyeletwa huko kutoka visiwani akiwa msichana. Mpishi huyo ndiye aliyenichoma moyo. Kila mtu katika jumba lile anamsema, anamtuma, anamshuku, na yeye anapita tu na sahani.

Shule yetu ilikuwa na nakala mbili kwa wanafunzi arobaini. Na hapa ndipo nilipoonyesha akili yangu, kwa sababu nilifanya walichokuwa wakifanya walimu wengi wa wakati wetu, nilichukua wembe nikazipasua nakala zote mbili mgongoni, nikazigawa kila moja vipande vitano, nikavitia majalada ya manila na kuvibana kwa pini, nikaandika nambari kwa kalamu nyekundu. Kundi hili linasoma sehemu ya kwanza, lile la pili, halafu wanabadilishana. Nilijiona fundi, na kwa kupenda utaratibu nikaweka kila nambari kwenye sanduku lake kabatini, sehemu za kwanza pamoja, za pili pamoja, hivyo hivyo mpaka tano. (Mngekuwa nyinyi mngechanganya, na mngeokoka.)

Mnajua mvua ya Kakamega haiombi ruhusa, saa tisa ikifika inashuka. Paa la darasa letu lilikuwa na tundu moja, moja tu, na tundu hilo lilikuwa juu ya kabati, na chini ya tundu hilo katika kabati lilikuwa sanduku la nne. Siku tuliyolifungua tulikuta kitu kama uji wa wimbi uliolala. Sehemu za nne zote mbili zilikuwa zimekwenda.

Mwalimu wa maana angeenda kutafuta nakala nyingine. Mimi huo ulikuwa ndio mwaka wangu wa kwanza kukifundisha kitabu kile na (mniwie radhi, hapa ndipo penyewe) nilikuwa nakisoma pamoja na darasa, sehemu kwa sehemu, wakati mwingine hatua nusu tu mbele yao. Nikawaambia wanafunzi kwamba sehemu ya nne, kwa jinsi ya tatu ilivyoishia, ni ya mahakama tu, marudio ya mambo ya mkufu, waandishi wa zamani walipenda kurefusha. Tukaruka kwenye ya tano. Huko mpishi hatajwi ila mara moja, ameshaondoka. Nikarudi nyuma na kalamu yangu nyekundu nikapekua sehemu ya kwanza, ya pili, ya tatu na ya tano, nikitafuta neno lolote ambalo mwanamke yule amelitamka, na sikupata hata moja. Usiku huo nililala mtu mwenye furaha. Nilikuwa nimemshika Mwingereza pabaya, mwanamke mweusi ndani ya kitabu kizima na hakupewa hata "ndiyo, bwana".

Nikaandika hotuba.

Wiki ya kongamano nilikuwa ofisini naisoma hotuba yangu kwa sauti ya chini, ile ya chini inayotaka kusikika, Madam Nalini akanyanyua kichwa upande wa pili wa meza. Madam Nalini alifundisha Kiingereza kidato cha kwanza na cha pili, mama wa makamo, mumewe alikuwa na duka la vifaa vya ujenzi mjini. Alizaliwa Kakamega, na baba yake pia, na Kiluhya chake kilikuwa safi kiasi kwamba wazazi wakija shuleni na matatizo walimtafuta yeye kwanza. Miaka minne nilikaa naye meza moja na salamu zetu hazikupita hali ya hewa.

"Mwalimu," akasema, "hicho kitabu nilisikia kilinyeshewa. Mimi niko na changu nyumbani, kizima. Nikuletee?"

Sasa sikilizeni nilichomjibu, mimi Mkombozi. Nilimwambia, "Asante, Madam, lakini hii ni vita yetu wenyewe."

Hata sikuwaza. Lilitoka lenyewe, na moyoni lilikuwa na mkia ambao sikuutoa nje, kwamba Mhindi wa dukani atanifunza nini mimi kuhusu ubaguzi. Alinitazama kidogo, akasema, "Haya, Mwalimu," akarudia madaftari yake. Nami nikarudia hotuba yangu juu ya watu wanaodharau wengine kwa rangi yao.

Kongamano lilikuwa Jumamosi katika shule moja ya wasichana. Walikuja kutoka Khwisero, Matete, Mumias na mjini, ukumbi ukajaa sare za kila rangi mpaka wengine wakakaa madirishani. Mbele kabisa alikaa mwalimu wangu mkuu, na kando yake mkaguzi wa elimu wa wilaya, mama mnene wa miwani ambaye alikuwa na tabia ya kuandika bila kutazama karatasi. Wanafunzi wangu walikuwa safu ya pili, na Madam Nalini mwisho wa safu hiyo, maana ndiye aliyepewa zamu ya kusindikiza wasichana. Nilikuwa nimevaa tai ya kuazima na nimebandika ukutani bango la manila lenye maandishi makubwa: MWANAMKE ASIYE NA SAUTI.

Nilizungumza vizuri. Hilo siwezi kukataa, na ndilo linaloniuma zaidi, kwamba nilikuwa mzuri. (Yote yalikuwa kwa Kiingereza, hapa nawapa kwa lugha ya watu.) Nilisema mwandishi huyu amempa paka wa nyumba kurasa mbili, amempa farasi huzuni, lakini mwanamke mweusi hakumpa hata ulimi. Wanafunzi walipiga makofi, mwalimu mkuu akaitikia kwa kichwa, mimi nikaona kile kichwa kikiitikia na damu ikanipanda. Nikawaomba wote wasimame dakika moja kwa heshima ya mpishi aliyenyimwa sauti. Wakasimama. Mkaguzi naye akaweka chini mkoba wake, akashika kiti, akasimama, ukumbi mzima kimya, watu mia tatu wakimwombolezea mwanamke kwa kutosema, na mimi mbele yao nimeinamisha kichwa kama mchungaji.

Ningekaa hapo leo ningekuwa na hadithi nyingine. Lakini makofi ni kama pombe ya busaa, mtu hajui kipi ni kikombe cha mwisho. Nikanyanyua chaki juu nikasema: akitokea mtu humu ndani anionyeshe neno moja, moja tu, lililotamkwa na mpishi huyu, nitampa chaki hii na nitakaa chini anifundishe.

Mkono ukainuka katikati ya ukumbi. Alikuwa msichana mdogo wa mwili, hijabu nyeupe, kutoka shule ya upande wa Mumias, jina lake Zaituni, na alisimama kwa adabu hata nikamwonea huruma, nikidhani anataka kunipongeza.

"Asalaam aleikum," akasema. "Samahani, Mwalimu. Mimi nilikuwa nauliza, na yale aliyosema mahakamani?"

"Mahakamani hakusema kitu," nikamjibu, nikitabasamu.

"Alisema kurasa kumi na tatu, Mwalimu."

Minong'ono ikaanza. Mimi bado nilikuwa natabasamu, maana uso wangu haukuwa umepata habari. Nikasema labda mwanafunzi anachanganya na kitabu kingine, vitabu teule ni vingi, hutokea. Na hapo ndipo mwanafunzi wangu Mmbone, kiranja wa darasa, msichana ambaye angeweza kunitetea mbele ya simba, aliposimama kuniokoa. Kiingereza kilimkimbia kwa hasira.

"Huyo anadanganya," akasema Mmbone. "Sisi tumesoma hiyo kitabu yote. Sehemu ya kwanza, ya piri, ya tatu na ya tano. Hakuna mahari amesema."

Watu wakahesabu vidole ukumbi mzima. Kisha mtu mmoja dirishani akauliza, taratibu kabisa, "Na ya nne?"

Mmbone akamtazama kwa mshangao. "Ya nne hatusomanga. Mwalimu alisema ni marudio, na tena ilinyeshewa."

Wapendwa, nimeshawahi kuanguka kwenye baiskeli mbele ya duka la wakwe, lakini sijawahi kusikia kicheko cha namna ile. Kilianzia nyuma kikaja mbele kama mvua juu ya mabati. Mwalimu mkuu alitoa leso akajifuta paji la uso ambalo halikuwa na jasho. Mmbone alibaki amesimama, akinitazama, akingoja niseme kitu, na uso wake ndio uliokuwa ukibadilika polepole, kwa sababu alikuwa anaelewa kwamba mimi sijui kilicho ndani ya kitabu ambacho wao walikuwa wanakwenda kufanyia mtihani wa taifa. Kicheko cha wengine ningekivumilia. Huo uso wa Mmbone ulinivunja.

Mkaguzi hakucheka. Alingoja watulie, akasema, "Mwalimu, hebu tusomee sehemu hiyo, sote tusikie."

Nikasema sina nakala.

Basi nikaona mtu anainuka mwisho wa safu ya pili. Madam Nalini alifungua mkoba wake, akatoa kitabu kizima chenye mgongo wake, kimefungwa kwa karatasi ya gazeti vizuri, akapita mbele ya magoti ya wanafunzi akisema samahani, samahani, akakiweka mezani mbele yangu kikiwa kimefunguliwa tayari pale panapotakiwa. Alirudi akakaa.

Nikasoma. Kurasa tatu za kwanza sauti yangu ilikuwa kama ya mtu anayesoma hati ya mashtaka yake mwenyewe. Halafu, sijui ilikuwaje, yule mwanamke akaanza kunichukua. Mpishi anasimama mbele ya hakimu anaulizwa kuhusu mkufu, na badala ya kujibu juu ya mkufu anaeleza nyumba nzima: nani analia saa ngapi, nani anamwogopa nani, nani anakula peke yake, mambo yote ambayo mtu anayepita na sahani huyaona. Anawaambia kwamba miaka yote hiyo hakuna aliyewahi kumuuliza jambo, na sasa wamemuuliza moja tu, kama yeye ni mwizi. Nilisahau tai, nikasahau cheo, nikasahau hata kuona haya. Nilipomaliza nilikuwa na machozi karibu, na ukumbi ulipiga makofi marefu, na nilijua kabisa hayakuwa yangu.

Mkaguzi akafunga kalamu yake. "Mwalimu," akasema kwa upole, "nadhani kuna jambo uliahidi kuhusu chaki."

Nikampa Zaituni chaki. Nikashuka, nikakaa kwenye benchi la safu ya pili kando ya Mmbone (ambaye alisogea kunipisha bila kunitazama), magoti yamenifika kidevuni kwa sababu benchi zile zilikuwa za wasichana wa kidato cha kwanza, na nikafundishwa. Tena nilifundishwa vizuri. Zaituni alisema ni kweli ubaguzi umo katika kitabu, hata mwandishi mwenyewe kuna mahali unamponyoka. "Lakini si kwamba mpishi alinyimwa kusema," akasema. "Amesema kurasa kumi na tatu, hakimu akaandika mistari miwili, akamfunga. Kwa hivyo shida si mdomo ya huyu mama. Shida ni masikio ya wale." Nilitoa daftari nikaandika, kwa sababu nilikuwa sijawahi kuliona hivyo, na nilikuwa na digrii.

Jumatatu niliingia darasani nikawaambia wanafunzi arobaini kwamba niliwadanganya, kwamba niliona uvivu nikauita marudio. Hawakucheka. Mmbone aliuliza swali moja, "Sasa hiyo ya nne tutasoma lini?" nikamwambia kuanzia leo, nawasomea kwa sauti kila jioni baada ya michezo mpaka iishe, kwa kitabu cha Madam.

Halafu nikaenda kwa Madam Nalini. Alikuwa peke yake ofisini anasahihisha. Nilikuwa nimejiandaa, na mimi mtu wa hotuba, mnanijua, sikujua pa kukomea. Nikamwambia nimekuja kuomba msamaha kwa kukataa kitabu chake. Hapo ningenyamaza ningekuwa nimemaliza. Nikaendelea, nikamwambia nataka kuwa mkweli, kwamba nilikataa kwa sababu yeye ni Mhindi, kwamba nilijiambia mke wa mwenye duka hawezi kunifunza kitu juu ya ubaguzi, na kwamba nimegundua mbaguzi alikuwa mimi.

Madam Nalini aliweka kalamu chini.

"Kumbe," akasema. "Siku ile mimi nilidhani umepata nakala kwingine."

Nilitaka ardhi ipasuke. Hakujua. Kwa wiki nzima mama yule hakuwa na kinyongo chochote kwa sababu hakuwa na habari, na mimi kwa mdomo wangu mwenyewe, kwa ukweli wangu niliojivunia, nilikuwa nimemletea tusi ambalo sikuwa nimelitamka, nikamwekea mezani.

"Miaka minne," akasema tena, si kwa hasira, kama mtu anayepiga hesabu. "Nilidhani wewe ni mtu wa haya tu." Kisha akachukua kalamu akaendelea kusahihisha, nami nikasimama pale nikitazama mikono yake mpaka kengele ilipolia.

Hiyo ilikuwa Jumatatu. Jumatano, kwenye mkutano wa walimu, mwalimu mkuu alitangaza kwamba mkuu mpya wa idara ya lugha ni Madam Nalini. Walimu wote walipiga makofi na mimi nikapiga, na nilikuwa najua jambo ambalo wengine hawakulijua, kwamba siku mbili kabla nilikuwa nimekwenda kwa hiari yangu, bila kulazimishwa na mtu, kumweleza mkubwa wangu wa kesho jinsi nilivyomdharau. Kwa mama Shinyalu nilikwenda mwisho wa mwezi. Alinisikiliza mpaka mwisho, akauliza kama huyo mama Mhindi ni yule anayejua Kiluhya, nikasema ndiye, akasema basi wamechagua vizuri, akaniwekea chai.

Hakunilipiza hata siku moja, na hilo lilinitesa. Ila kila Ijumaa walimu wa idara tulipeleka maandalio yetu ya wiki inayofuata apige sahihi, na kwenye yangu tu, pembeni, aliandika maneno yaleyale mawili kwa penseli: "Umesoma chote?" Nami ilinibidi niandike jibu chini yake ndipo atie sahihi. Nikaapa sitamwandikia uongo. Wiki baada ya wiki nikaandika ndiyo, na ilikuwa ndiyo ya kweli, hata pale iliponigharimu macho.

Mara moja tu nilishindwa. Ilikuwa katikati ya muhula wa pili, kitabu kipya, kurasa mia nne, na mimi nilikuwa nimetoka kuugua malaria. Penseli ikauliza, nikakaa nayo muda, nikaandika "bado". Nilimpelekea nikiwa nimeshaandaa maelezo. Hakuyasikiliza. Alisoma lile neno moja, akalipigia mstari chini, akafungua droo yake akatoa chaki mbili.

"Darasa lako la saa nne nitashika mimi," akasema. "Wewe kaa hapa, usome."

Nikakaa. Nikasoma.